Mito Mirefu ya Kalenga

Enzi zetu goti la mtoto lilikuwa na kazi. Tulipiga magoti kumsalimia mkubwa, tulipiga magoti kumnawisha baba maji kabla ya kula, tulipiga magoti kusugua sakafu, na muda ukibaki tulipiga magoti mavumbini tukicheza mdako mpaka mama aite mara ya tatu, ile ambayo tuliijua kwa sauti kwamba ya nne itakuja na fimbo. Mtoto wa kike wa mtaa wetu wa Mlandege ungemtambua kwa magoti yake: meusi, magumu, na kovu moja au mawili ya kuruka kamba. Magoti ya vijana wa leo tunayaona tu yakichungulia kwenye suruali walizozinunua dukani zikiwa zimeshachanika. Marehemu baba yangu alikuwa fundi cherehani. Angemwona kitukuu wake na suruali ile angemwambia aivue palepale aitie kiraka, na asingeelewa kwa nini mtoto analia.

Ninyi mliokulia Iringa miaka ile ya hamsini mnaikumbuka baridi ya mwezi wa sita. Asubuhi ukungu ulikuwa ukipita mtaani kana kwamba una shughuli zake, na sisi tulikwenda shule na kiazi cha moto kila mkono, kwanza cha kupashia vidole, halafu cha kula. Barazani kwa baba palikuwa na pasi ya mkaa, na watoto wote wa jirani walijifanya wanapenda ufundi ili wapate kuikaribia. Hadi leo nikisikia harufu ya mafuta ya cherehani ikichanganyika na kitambaa kipya kilichopigwa pasi, nakuwa na miaka minane. Mama Tatu, jirani yetu, alikaanga vitumbua upande wa pili wa njia, na baba alikuwa akisema kwamba mshono wa asubuhi hunyooka vizuri zaidi kwa kitumbua cha pili.

Babu yake baba alipanda bara akitokea Kilwa, lakini baba mwenyewe alizaliwa Iringa. Alikuwa mtu wa msikitini, mpole, mwenye futi ya kupimia shingoni hata siku ya Idi. Mama yangu alikuwa Mhehe wa Kalenga. Alikuzwa kanisani, akabatizwa Veronika, na alipoolewa na baba akafuata dini ya mumewe akawa Mariamu. Hapo ndipo mama yake, yaani bibi yangu, alipoudhika. Hakumlaani mtu. Alisema tu, "Mlandege sikanyagi," na hakukanyaga kwa miaka tisa. Mama naye hakuthubutu kwenda Kalenga.

Mimi peke yangu ndiye niliyekuwa nikienda na kurudi. Shule zikifungwa nilipelekwa kwa bibi na kifurushi cha chumvi na sukari, nikarudishwa na maharage na mahindi mabichi, na hakuna aliyesema ametuma nini kwa nani. Baba alikuwa na sharti moja: nisiingizwe kanisani. Bibi alilitimiza. Jumapili aliniacha nyumbani nilinde vifaranga wasichukuliwe na mwewe, na mimi nilisikia nyimbo zao kwa mbali huku nikirusha mawe juu bila kumpata mwewe yeyote.

Sasa niwaeleze habari ya baba na mkwe wake. Kwa desturi ya kwao mama, mkwe wa kiume hamtazami mama mkwe usoni, hali chakula mbele yake, na wakikutana njiani mmoja hupisha. Baba alifundishwa hayo siku ya posa, na aliyafuata kuliko Wahehe wenyewe. Akisikia tu kwamba bibi yuko sokoni mjini, alifunga mlango wa upande ule akashona gizani. Nikiwa mtoto niliona ni uoga. Nilipokua nikajua ni heshima, na nilipoolewa mwenyewe nikajua kwamba ni vyote viwili.

Basi kanisa la kule kwa bibi lilikuwa kigango kidogo, la matofali mabichi, lenye mabenchi ya mbao yasiyo na mgongo. Sakafu yake ilikuwa ya udongo uliosiribwa na samadi ya ng'ombe, laini na yenye joto. Halafu waumini wakaona aibu. Wakabeba mchanga na mawe msimu mzima, wakapata saruji, wakamwaga sakafu ngumu inayong'aa, wakaimba na kupiga vigelegele. Furaha yao ilidumu mpaka baridi ilipoingia. Wazee walipopiga magoti juu ya ile saruji, baridi iliwapanda mpaka kiunoni, na wengine wakawa hawainuki bila kushikwa mikono. Mmoja akaja na ngozi ya mbuzi, mwingine na gunia. Bibi yangu aliyekuwa na goti bovu la kushoto alikunja khanga mara nne na bado alichechemea hadi Jumatano.

Akina mama wa kanisa wakakata shauri ishonwe mito ya kupigia magoti. Wakakausha maganda ya mahindi, wakayachanachana kwa kujazia, wakanunua jora la kaki, wakamtuma katekista, Mwalimu Yakobo, aende mjini na baiskeli yake kutafuta fundi. Mafundi walikuwa wengi Iringa. Mwalimu Yakobo akaja kusimamisha baiskeli barazani kwetu.

"Fundi Salehe," alisema baada ya salamu ndefu za kwetu, "tunahitaji mito ya kusalia. Ya wazee. Kila mzee apate pa kuweka magoti yake wakati wa sala, kadiri kitambaa kitakavyotosha."

"Nimekuelewa, Mwalimu," alisema baba.

Hakuelewa. Baba alikuwa na ugonjwa wa mafundi wote wazuri, hakupenda kuuliza mbele ya mteja. Kanisani hajaingia maishani mwake, na kwenda kuchungulia asingeweza, maana mkwe wake angekuwemo humo. Mama naye, ambaye angemweleza kwa neno moja, alikuwa Mbeya kwa dada yake aliyejifungua, na hakutarajiwa kwa wiki tatu. Lakini nilimwona baba anavyolishika lile jora. Alilifungua polepole, akalinusa, akaniambia, "Zuhura, bibi yako atapiga magoti juu ya mkono wangu." Alikuwa na furaha kama mtu aliyealikwa mahali. Miaka tisa alikuwa hajapata njia ya kumwambia mama mkwe wake kitu chochote, na sasa njia imekuja yenyewe kwa baiskeli.

Siku mbili alilizunguka lile jora bila kulikata. Siku ya tatu akaniita.

"Wewe unalala kwa bibi yako. Hebu niambie, akisali anafanyaje?"

Nilikuwa nimemwona mara moja tu, likizo iliyotangulia. Kulikuwa kunapambazuka, moto wa jikoni umeshawashwa, naye akadhani bado nimelala. Alipiga magoti juu ya mkeka, akainama, akainama mpaka paji la uso likagusa chini, akakaa hivyo muda mrefu huku mabega yakitikisika. Basi nikamwambia baba nilichokiona: "Anapiga magoti, halafu anainama mpaka paji la uso linagusa mkeka."

Baba akaweka chaki chini. "Kumbe!" alisema. "Kumbe hatuko mbali hivyo." Akatandika kaki sakafuni, akaniambia nisujudu juu yake kama nilivyofundishwa madrasa, akapima kutoka magotini hadi kwenye paji la uso, akaongeza inchi za mwili wa mtu mzima, akapiga mstari. Kila mto ukawa na urefu wa hatua mbili za mtoto wa shule. Kitambaa kikatoa mito kumi na mmoja. "Mwalimu amekosea hesabu ya kitambaa," alisema baba, "lakini tumstiri." Akachukua kaki yake mwenyewe akaanza wa kumi na mbili.

Nakumbuka zile siku kwa mikono na pua. Maganda ya mahindi yaliingia kwenye nywele, kwenye chai, kwenye kitabu changu cha hesabu. Tulipiga chafya mpaka Mama Tatu akatuma mtu kuuliza kama tunaumwa. Mimi nilijaza upande wa magoti nikaishia hapo, kwa sababu hata mimi wa madrasa nilijua kwamba paji la uso linataka pagumu. Baba akaniambia nijaze mpaka mwisho. "Hawa ni wazee," alisema, "na vichwa vyao pia vilainishiwe." Mishono yake ilinyooka kama mistari ya daftari. Wanafunzi wake waliowahi kupinda mshono walichapwa vidole kwa ile futi ya shingoni, na hakuna aliyerudia.

Jumamosi asubuhi Mwalimu Yakobo akaja na mkokoteni wa ng'ombe. Akaizunguka ile mito. Akashika kidevu.

"Mirefu," alisema.

"Mizuri," alisema baba.

Mwalimu Yakobo alikuwa mtu mstaarabu kupita kiasi. "Mizuri sana, Fundi," akasema, akapakia, akaenda zake. Wa kumi na mbili ulibaki kwa sababu haujafungwa mdomo.

Alasiri ya siku hiyohiyo mama akashuka kutoka basi la Mbeya, siku nne kabla ya siku tuliyomtazamia, mwekundu kwa vumbi, na mkungu wa ndizi na mchele wa Kyela, akieleza jinsi basi lilivyowalaza njaa pale Nyololo nusu siku nzima wakitafuta jiwe la kuzuia tairi. Alikuwa bado hajavua viatu alipouona ule mto.

"Hili godoro la mtoto gani?"

Baba akamweleza kwa fahari tangu mwanzo. Mama akakaa kizingitini. Akaanza kucheka, akacheka mpaka akajishika mbavu.

"Baba Zuhura! Umewashonea Wakristo msala!" Akafuta machozi kwa ncha ya khanga. "Kule mtu anapiga magoti akiwa wima, mbele yake kuna benchi. Mto wenyewe hauzidi kigoda!"

Sijapata kuona uso wa baba ukibadilika vile. Aliuangalia ule mto, kisha akaangalia njia ya Kalenga ambayo mkokoteni ulishaishika. "Mama mkwe atasema ninawachezea," alisema kwa sauti ndogo. "Atasema nimewaletea dini yangu mpaka kanisani." Halafu akanigeukia, si kwa hasira, kwa kuomba msaada tu. "Lakini Zuhura alimwona anainama."

Nikarudia nilivyoona: mkeka, paji la uso chini, mabega. Mama akaacha kucheka.

"Hakuna anayesali hivyo kule," alisema. "Mama yangu hakusali hivyo hata siku tuliyomzika baba." Akanivuta karibu. "Alikuwa anasema nini?"

"Sikusikia yote. Alitaja Veronika. Mara nyingi."

Mama akawa anapangusa vumbi kwenye kiatu kimoja tu, kilekile. Mwishowe akasema, "Kesho nakwenda Kalenga."

"Nami nakuja na mkasi," alisema baba.

Jumapili tulitoka kabla ukungu haujaondoka. Mimi nilikaa kwenye mtalimbo wa baiskeli, mama nyuma, na kila penye kilima sote tulishuka tukasukuma. Kikapuni mlikuwa na mkasi mkubwa, uzi na sindano. Mpango wa baba ulikuwa huu: ibada ikiisha tu, aikate mito yote vipande vitatu vitatu, yeye na mama waifunge kwa mkono, na hao wazee wakirudi Jumapili nyingine wakute mambo yamenyooka. Mpango wa mama hakuusema. Njiani walitupita watu wakirudi kugema ulanzi, ile pombe ya mianzi, mianzi ya kubebea ikiwadondoka povu, wakatusalimia, "Kamwene!" na mama aliitikia akiangalia mbele.

Tulipofika walikuwa katikati ya sala. Baba akaenda moja kwa moja kujificha nyuma ya ukuta wa jiko la Mwalimu Yakobo, kando ya kanisa, asije akakutana na mkwe wake uso kwa uso. Mama akasimama nje ya mlango wa kanisa, kiganja kimoja ukutani. Hakuingia. Mimi nikachungulia, kwa kuwa sharti lilikataza miguu, si macho.

Mito haikutandikwa kama misala. Ililazwa kwa ubavu, kuambaa na mabenchi, na kila mmoja ulikuwa na wazee watatu wamebanana juu yake bega kwa bega. Baadaye Mwalimu Yakobo alitueleza kwamba jana yake akina mama waliuzunguka mzigo wakasema urudishwe, na bibi yangu ndiye aliyeshika mto mmoja kwa ncha, akaugeuza, akaulaza mbele ya benchi na kusema, "Shida iko wapi? Hii si ya watu watatu?" Na walipopiga magoti pamoja, maganda yakalia kanisa zima, chakacha, kama ng'ombe wameingia shambani baada ya mavuno. Watoto walicheka. Wazee hawakujali, walikuwa na joto.

Ibada ikaisha, watu wakatoka. Bibi alitoka karibu wa mwisho, na fimbo yake. Mama akapiga magoti palepale nje, juu ya kokoto zilizobaki za ile saruji, kama binti wa Kihehe anavyomsalimia mama yake.

"Kamwene, mama."

Bibi hakuitikia. Watu waliokuwa wakienda wakapunguza mwendo, wengine wakajifanya wanafunga khanga. Nilikuwa mtoto lakini nilijua kilichokuwa kinangojewa. Akipita, tutarudi Mlandege na mlango utafungwa kabisa, na hata mimi huenda nisipelekwe tena. Bibi aliangalia juu, akaangalia upande, kisha akaangalia chini, kwenye magoti ya mama na zile kokoto. Aliyaangalia muda mrefu kuliko uso wake.

"Zuhura," alisema. "Nenda kalete mto ndani. Mama yako atachubuka."

Nikakimbia. Ndiyo mara yangu ya kwanza kuingia kanisani, na sikuona kitu isipokuwa mto. Niliukumbatia ukanishinda, nikauburuta. Mama akainua goti moja, kisha la pili, nikausukumiza chini yake. Ulikuwa mrefu mno, ukabaki mtupu upande wa pili. Bibi akaniachia fimbo yake. Akashika bega langu, akashuka polepole na lile goti bovu, akapiga magoti kwenye ule upande mtupu, akitazamana na binti yake. Mkubwa hampigii magoti mtoto wake, mnajua. Kila mtu pale alijua.

"Kamwene, Veronika," alisema. Akapumua. "Kamwene, Mariamu."

Yaliyofuata yalisemwa kwa Kihehe na kwa kilio, na mengi sikuyasikia kwa sababu na mimi nilikuwa nalia bila kujua kwa nini.

Walipokwisha kufutana machozi, na mama alipokwisha kumweleza habari ya mkasi, bibi akakohoa, akasema kwa sauti ya kufika jikoni kwa Mwalimu, "Zuhura, muulize mkwe wangu huko nyuma ya ukuta, mkasi wa nini?"

Baba alikuwa hatua kumi, amesikia kila neno. Hata hivyo nikaenda. "Baba, bibi anauliza mkasi wa nini."

"Mwambie mama nimekosea kipimo. Anisamehe. Nimekuja kukata."

Nikarudi. "Bibi, anasema amekosea kipimo, umsamehe, amekuja kukata."

"Mwambie asikate. Tukiwa watatu kwenye mto mmoja baridi haipati pa kupita. Na Mama Yustina alikuwa anasinzia kwenye sala, sasa akisinzia tunamsikia." Watu wakacheka, na nyuma ya ukuta nikasikia baba naye anacheka kwa kujizuia. "Muulize, kwa nini alipima hivi?"

Hilo sikwenda kuuliza. Nililijibu mwenyewe kwa kusujudu juu ya mto mbele yao wote. "Magoti hapa, bibi. Na paji la uso hapa. Ila madrasa tunafundishwa paji la uso linataka mahali pagumu. Hapa baba amelainisha kwa sababu ninyi ni wazee."

Bibi alinitazama pale chini. "Nani alimwambia nasali hivi?"

Nikaficha uso kwenye mto. Akajua. Akaniinua, akanitoa ganda la mahindi kwenye nywele, akasema, "Usiwe unaamka mapema hivyo."

Ule mto wa kumi na mbili baba aliufunga mdomo, akautuma kwa mkono wangu likizo iliyofuata uwe wa bibi mwenyewe, wa nyumbani. Bibi aliupokea, akaubonyezabonyeza ncha hii na ncha ile, akauweka juu ya sanduku lake. Sikuuona tena mpaka mwezi wa tisa, vumbi lilipokuwa jingi na mahindi yamekwisha kupukuchuliwa, siku bibi alipoingia Mlandege kwa miguu yake. Kikapu kilikuwa kichwani na mto umefungwa mgongoni kwa khanga kama mtoto. Baba alipomwona kwa mbali aliruka kutoka kwenye cherehani akatokea mlango wa nyuma, akaacha mguu mmoja wa suruali ya mteja chini ya sindano. Bibi akakaa, akanywa chai, akala kitumbua, akakisifu, akauliza kama kuna kingine. Mama alikuwa akizunguka nyumba nzima akishika vitu na kuviweka.

Adhuhuri ikafika. Tukamsikia baba uani anatawadha. Bibi akafungua khanga, akanipa ule mto.

"Mpelekee mkwe wangu."

Nilipomfikishia, aliutandika chini akasita. Upande wa magoti ulikuwa umejaa kama alivyoujaza. Upande wa pili ulikuwa bapa kabisa. Bibi alikuwa ameufumua nusu, akatoa maganda yote ya upande wa paji la uso, akaushona tena kwa mkono wake. Na bibi hakujua kushona. Uzi ulikuwa mweusi juu ya kaki, mshono umepinda huku na huku, mahali pengine hatua ndefu, pengine fundo limewekwa juu ya fundo. Baba akapitisha kidole juu yake kutoka mwanzo hadi mwisho. Nilifikiri anatafuta pa kuanza kufumua.

Alisimama akaelekea kibla. Alipopiga magoti maganda yakalia, na alipoinamisha kichwa hapakusikika kitu. Ndani bibi alikuwa ametega sikio. "Umemfaa," alimwambia mama, akaomba kitumbua cha tatu.

Tangu siku hiyo bibi alikuwa akija, na baba alikuwa akitokea mlango wa nyuma, na salamu zao zilipita kwangu hadi nilipoolewa, kisha zikapita kwa wadogo zangu. Bibi alifariki kabla ya baba. Sikuwahi, hata siku moja, kuwaona wakitazamana usoni.

Leo mambo ni mengine. Nimeingia makanisani mara nyingi kwa harusi na misiba, nimeona mabenchi yaliyopigwa vanishi na ubao wa magoti uliowekwa sponji, kila mtu na nafasi yake, hakuna anayembana mwenzake, na mtu akisinzia hakuna anayemsikia. Wakwe wa siku hizi wanakumbatiana, wanapiga picha mashavu yamegusana, wana hata kundi kwenye simu la kutumiana salamu za asubuhi na maua. Halafu unasikia wiki ya pili mmoja kajitoa kwenye kundi. Sisemi ni vibaya. Nasema sisi tulitumia muda mrefu zaidi, na pengine ndiyo sababu mapatano yetu yalikaa.

Mto ninao. Maganda yamekuwa unga, haulii tena hata ukipigiwa magoti na mtu mzito. Kwenye upande bapa kaki imepauka duara dogo, pale paji la uso la baba lilipogusa miaka yote ile. Siku zake za mwisho, macho yakiwa yameshaanza kufifia, mama alimuuliza kwa utani kwa nini yeye, aliyewachapa watu vidole kwa mshono uliopinda, hakuwahi kuunyoosha ule. Baba aliupapasa kwa kidole.

"Mshono huu mimi siuwezi," alisema.

Mwezi uliopita mjukuu wangu alikuja. Ni fundi pia, ana cherehani ya umeme na anajifunza mitindo kwenye simu. Aliuona mto juu ya sanduku langu, akaugeuza, akacheka. "Bibi, fundi wa huu alikuwa amelewa? Nipe dakika tano nikunyooshee." Na kiwembe alikuwa nacho tayari, ameshakiingiza chini ya fundo la kwanza.

Nilimshika mkono. Nilitaka kumweleza kuhusu saruji na kokoto, na Veronika na Mariamu, lakini kiwembe kilikuwa hakingoji. Nilichoweza kumwambia ni kwamba aache, baba yangu alikuwa fundi maisha yake yote na mshono huo hakuuweza.